Gombaneni kwa Niaba ya Michiyo

Mimi na mume wangu tuna mazoea ambayo mashoga zangu huyacheka. Tukiona nyumba imepoa, hatuiti kikao cha wazee. Tunatafuta filamu ya Kijapani ya zamani, tunakaa sebuleni na kugombana kwa niaba ya wahusika.

Anzeni na Meshi ya Mikio Naruse, ya mwaka 1951. Michiyo anaishi Osaka na mume mfanyakazi wa ofisini. Yeye anapika wali na supu, mume yuko mezani, uso kwenye gazeti, na akifungua kinywa ni kusema ana njaa. Hampigi wala hamtukani, kwa hiyo mama wa watu hana hata cha kushtakia. Anapokwenda kwao Tokyo na binamu yake akamchangamkia, unaelewa kabisa kwa nini moyo unamchezacheza.

Mwishowe anarudi na mumewe. Ndani ya treni, mume akiwa amesinzia pembeni, anaichana barua aliyokuwa amemwandikia. Mimi sikukubali hata kidogo! Fumiko Hayashi, mwandishi wa riwaya iliyozaa filamu hii, alifariki kabla hajaimaliza, hivyo mwisho huo ni wa watengenezaji wa filamu. Mume wangu akaniuliza, "Kwani wewe ungebaki Tokyo?" Hapo tukaanza kuongea ya kwetu, bila mtu kujiona yuko kizimbani.

Siku nyingine wekeni Soshun ya Yasujirō Ozu, ya 1956. Ni saa mbili na ushee, chai iwe karibu. Shoji, karani wa Tokyo, anatoka na msichana wa kundi analosafiri nalo kwenda kazini kila siku. Mkewe Masako anagundua. Wawili hawa walishazika mtoto. Simtetei Shoji, ila mwangalieni anavyochangamka akiwa na wenzake, kisha mwangalieni akiwa kwake.

Mmoja wenu akiguna, simamisheni filamu hapohapo, muulizane kilichomgusa. "Kama wewe tu" ni marufuku. Semeni Masako angefanya nini. Na kama tayari kuna mtu wa tatu, filamu haitoshi, tafuteni mtu mzima mnayemheshimu wote wawili.

Ile ya Masayuki Suo ya 1996, Shall We Dance?, ya mhasibu anayemwona mwanamke dirishani akiwa kwenye treni na kuishia kujifunza dansi kwa siri, iacheni baadaye. Inachekesha mno, na mkianza nayo mtacheka mkalale.