Mmeshinda kesi ya pensheni? Sasa tafuteni uisie wa mahakama

Mama alishinda kesi ya pensheni ya baba, kisha tukakaa miezi minane bila kuona hata franga moja. Ninawaandikia wajane wa Lubumbashi, na watoto wanaowasindikiza.

Tulidhani hukumu inatembea yenyewe. Tulitoa fotokopi, tukapanda taksi-basi kutoka Katuba mpaka mjini, tukamwonyesha kijana wa dirishani kwenye ofisi ya pensheni. Akaipitisha macho, akaturudishia: «Dosye iko ku sinyatire, mama. Murudie juma lenye kuya.» Yaani faili linasubiri sahihi, turudi juma lijalo. Juma hilo ndilo tulilolifukuzia miezi minane. Kila safari mama alivaa kitenge chake cha kanisani, kana kwamba ofisi ingemwonea haya akiwa nadhifu.

Binamu yangu wa Nairobi aliniandikia kwa WhatsApp: mshitakini mkubwa wao kwa kudharau mahakama, afungwe. Kwao Kenya jaji anaweza kumweka ndani ofisa aliyekaidi amri. Kwetu Kongo, tuliorithi sheria za Wabelgiji, njia ya kawaida si hiyo. Kuna uisie, yule wa mahakama anayepeleka hukumu na kuitekeleza. Na kuna astrente, pesa ambayo jaji anaweza kuamuru ilipwe kwa kila siku ya kuchelewa. Lakini mpaka aombwe. Avoka wetu, yaani wakili, hakuiomba, na sisi hatukujua kuuliza. Wewe uliza kesi ikiwa bado mbichi.

Fotokopi haimtishi mtu. Nenda ku grefu, ofisi ya karani wa mahakama, uchukue nakala yenye amri ya utekelezaji, ile wanayoita «grosse». Ina malipo yake. Kama mfuko ni mtupu, ulizia mapema cheti cha umaskini, usione aibu. Kisha nakala hiyo uisie aipeleke, si wewe.

Siku uisie alipoipeleka ya kwetu, nilikwenda naye. Kijana yuleyule alinyoosha mkono wa kushoto aipokee. Uisie akamwomba aandike jina lake, kazi yake, na atie sahihi. Kalamu ikabaki hewani. Kijana akainuka, akaingia ndani, akarudi na mkubwa wake, mtu ambaye kwa miezi minane tulikuwa tukiambiwa yuko safarini. Siku hiyo ndipo siku 30 walizokuwa nazo za kukata rufani zilipoanza kuhesabiwa. Kumbe kabla ya hapo hakuna kilichokuwa kinawakimbiza!

Halafu kuna ndoa. Mahari ya mama ilitolewa mbele ya ukoo mzima, lakini eta-sivili, ofisi ya serikali ya kuandikisha ndoa, yeye na baba hawakufika mpaka nywele zilipoanza kuota mvi. Bahati walifika. Dirishani wanachotaka ni hati ya ndoa. Ushahidi wa shangazi hauna muhuri. Kama wazazi wako wana ndoa ya mahari tu na wote wako hai, wapeleke wakaiandikishe. Baba atanung'unika. Mpeleke.

Malipo ya kwanza yaliingia mwezi wa tatu baada ya uisie kupita. Ya nyuma bado tunayadai. Mama ana kaye, daftari, anamoandika tarehe ya kila safari na jina la aliyetupokea. Imejaa, jana nimemnunulia nyingine.