Mdogo Wangu, Hebu Igeuze Picha Yako

Vijana wanaoanza kuchora huniuliza swali lile lile. Wengine wananitumia ujumbe kwenye simu, wengine tunakuwa tumesimama na soda mkononi kwenye uzinduzi wa maonyesho: "Dada, hapa Dar mchoraji anajulikanaje?" Zamani niliwajibu wachore sana. Siku hizi nawaambia, nenda nyumbani, igeuze picha yako ya mwisho, kisha uniambie nyuma kuna nini. Karibu wote wanarudi na jibu moja: kitambaa kitupu na misumari.

Na mimi nilikuwa hivyo kwa miaka sita.

Mwaka jana nilikwenda ofisi moja maeneo ya Posta kufuatilia malipo. Nimekaa mapokezi, nainua macho, naona picha yangu ukutani. Ni mnada wa samaki pale Feri, alfajiri: dalali kanyoosha mkono, changu wamepangwa chini, mama mmoja kasimama na ndoo, kajifunga kanga ya njano. Ile kanga niliipaka mara tatu, maana rangi niliyonunua Kariakoo ilikuwa ikikauka inafifia, nami nilitaka iwake kama taa ya karabai. Kwa hiyo hata mtu angenifunga macho na kunipapasisha, ningeijua kwa unene wa rangi kwenye ule upindo.

Nikamuuliza binti wa mapokezi, hii kachora nani? "Sijui, dada. Ipo tu hapo tangu nimeanza kazi. Nafikiri ni tingatinga."

Si ule mtindo wa tingatinga hata kidogo, lakini yeye ningemlaumu kwa lipi? Mbele sikuweka sahihi, nikiamini inaharibu picha. Nyuma sikuandika kitu. Picha hiyo nilikuwa nimeitoa mali kauli, pamoja na nyingine tano, kwa duka moja la mapambo. Hatukuandikiana hata karatasi. Duka likahama. Nililipwa picha mbili, nikarudishiwa moja, tatu sikuziona tena. Kilichoniuma siku ile pale Posta hakikuwa pesa. Ni kwamba kazi yangu ilikuwa inaishi katikati ya jiji, watu wanaitazama kila siku, na mimi mwenyewe sipo.

Tuseme ukweli, jiji letu linasahau haraka. Nyumba ya Sanaa pale mjini ilikuwa kituo kikubwa cha wasanii tangu miaka ya 1970, na mchoraji na mchongaji George Lilanga alifanya kazi pale kabla jina lake halijavuka bahari. Ilifungwa, na kijana wa miaka ishirini leo ukimtajia anakutazama tu. Usitegemee kuta zikukumbuke.

Mfikirie Edward Saidi Tingatinga mwenyewe, aliyeuanzisha mtindo ule wenye jina lake. Mtu wa Tunduru, kaja Dar kutafuta kazi, akaanza kuchora kwenye vipande vya hadibodi kwa rangi za mafuta za makopo karibu mwaka 1968. Mwaka 1972 akauawa kwa risasi ya polisi. Ni kama miaka minne tu ya kuchora! Jina limebaki kwa sababu aliowafundisha, akina Ajaba Abdallah Mtalia, January Linda, Simon Mpata na wenzao, hawakuliacha lianguke. Mpaka leo ushirika wao upo Oyster Bay, karibu na Morogoro Stores. Nenda kakae nao hata kama mtindo wako ni mwingine kabisa, wasalimie wazee, watazame wanavyovuta mstari bila kuinua brashi. Lakini jina likibaki si lazima kazi zitambulike. Zimezagaa picha nyingi zenye jina la Tingatinga ambazo hakuzichora yeye, na wanaozichunguza wanabaki kubishana kuhusu sahihi.

Sasa mtazame mchoraji mwingine wa zamani, Sam Ntiro. Picha yake ya wanaume wanaompelekea bibi harusi pombe ya ndizi usiku aliichora mwaka 1956, na mwaka 1960 ikaingia kwenye makumbusho ya sanaa ya kisasa ya New York. Jina la picha, mwaka, aina ya rangi, vipimo, vyote vimeandikwa. Mtu yeyote anayetaka kujua Mtanganyika yule alichora nini ana pa kuanzia.

Kuna mmoja aliniambia, "Dada, mkono wangu ndio sahihi yangu." Akanitajia mchoraji Sungi Mlengeya, ambaye miili myeusi anayoichora juu ya weupe mtupu unaitambua ukiwa upande wa pili wa barabara. Sawa. Huo ni mkono uliokwisha kujipata. Wako bado unatafuta, na hizi picha za kutafuta, ambazo hazifanani na za baadaye, ndizo zitakazokataliwa kuwa ni zako.

Basi fanya hivi. Picha ikikauka, igeuze. Andika kwa penseli kwenye ubao wa fremu: jina lako kamili, jina la picha, mwaka, upana na urefu kwa sentimita, umetumia rangi gani, na namba. Kalamu ya wino mzito usiiguse kwenye kitambaa chenyewe, kwa sababu wino unapenya na baada ya muda utauona kwenye uso wa mtu uliyemchora. Mimi niliharibu picha ya mama yangu mdogo hivyo. Na kama fremu umechongesha kwa mafundi wa Keko, mwombe fundi aache ubao wa nyuma bila kupigwa vanishi, penseli ishike.

Kisha nunua kauntabuku la kwaya tatu. Kila picha mstari wake: namba ile ile, tarehe uliyomaliza, bei, na safu moja pana yenye neno "Ipo". Hiyo ndiyo safu muhimu kuliko zote. Ipo nyumbani. Ipo dukani, mali kauli, tangu tarehe fulani. Ipo kwa daktari fulani wa Mbezi. Kila inapohama, unaandika. Ukitoa picha mali kauli, unaandika karatasi mbili, mnasaini wote wawili, moja yako. Mwenye duka akikunja uso, ondoka na picha zako.

Piga picha kazi yako asubuhi kivulini, kabla ya vanishi, maana vanishi inarudisha mwanga. Bei iwe moja, awe mnunuzi wa Masaki au wa Mwananyamala. Masika usiegemeze picha ukutani, ukungu unaanzia nyuma, pale pale ulipoandika.

Na ujue kuwa kuuza picha si kuuza haki ya kuinakili. Mtu akinunua ile picha ya mnada wa Feri akaitia kwenye kalenda bila ruhusa yako, amechukua kitu ambacho hukumuuzia, na COSOTA, ofisi ya hakimiliki, ipo kwa mambo kama hayo. Ila utakapoulizwa ulichora lini, ufungue daftari.

Faida yake inaonekana pia kwenye milango unayoililia. Kituo cha sanaa cha Nafasi Art Space pale Mikocheni, na kwingine wanakopokea maombi ya wasanii, watakuuliza orodha ya kazi: jina, mwaka, vipimo, malighafi. Nimeona vijana wenye mkono mzuri kuliko wangu wakikesha wanakisia miaka, wengine wanaacha kabisa kuomba. Mimi siku hizi najaza fomu chai haijapoa.

Wiki mbili baadaye nilirudi ile ofisi ya Posta nikiwa na picha za simu za zamani, zinanionyesha nikiichora ile kanga. Meneja alizitazama kwa makini, akamwita mlinzi alete kiti. Mlinzi akaishusha, tukailaza kifudifudi juu ya meza ya mapokezi, vumbi lote lile. Yule binti akanishikia kona isiteleze nikiandika. Nikarudi nyumbani nikafungua kauntabuku ukurasa wa kwanza, juu kabisa ya namba moja ambako palikuwa pamebaki nafasi, nikaandika: Mnada wa Feri, alfajiri. Ipo: Posta, mapokezi, ghorofa ya tatu.