Mbegu haijaota, usiseme haikuweza

Mwalimu mmoja wa biolojia anauliza: mbegu huota, humea au huchipua? Anasahihisha ripoti za jaribio la mbegu na kila mwanafunzi ana kitenzi chake. Amenakili sentensi moja: "Baada ya siku kumi, mbegu saba ziliweza kuota na mbegu tatu hazikuweza kuota kwa sababu zilikuwa katika hali ya usingizi." Anataka pia kujua kama "usingizi" unafaa kwenye maandishi ya sayansi.

Alichouliza hakichukui muda. Mbegu huota. Kumea si kosa: ni kitenzi kongwe cha Kibantu, ndicho kilichotupa mmea, na nafaka iliyolowekwa ikaota tunaiita kimea. Lakini kumea kunabeba mambo mengi, kuanzia mbegu hadi majani kujaa uwanjani. Kuchipua ni kutoa chipukizi, na kwa kawaida si chipukizi kinachotangulia kutoka kwenye mbegu. Mbegu hunywa maji, huvimba, ganda hupasuka, kisha mzizi mchanga huchungulia nje. Kwa mwanabiolojia mbegu imeshaota hapo hapo, jani likiwa bado halijaonekana. Basi kisiki huchipua, mbegu huota, na meno na ndevu vilevile. (Utani wa mbegu zinazoota ndoto umechakaa. Tuuache.)

Sasa tuje kwenye "ziliweza", jambo ambalo mwalimu hakuliuliza na mimi siwezi kulipita.

Kitenzi hiki kimejaa kwenye habari na ripoti zetu kuliko magugu. Waziri hafiki siku hizi, anaweza kufika. Timu haifungi bao, inaweza kufunga. Kikao kiliweza kufanyika, wajumbe waliweza kuhudhuria, mwenyekiti aliweza kufungua na, kwa rehema za Mungu, akaweza kufunga. Wanaoandika hivi wanadhani "kuweza" kunaongeza adabu. Kunaongeza herufi. Kwenye taarifa za vikao nimeshachoka kupigana nacho, ila kwenye mbegu sikubali, kwa sababu hapa kuweza kuna kazi yake maalumu, na aliyekitapanya kwenye kila sentensi hatakuwa nacho siku atakapokihitaji.

Tuzitazame zile mbegu tatu. Mwanafunzi akiandika "hazikuota", ametoa taarifa ya alichokiona na hakuna wa kumbishia. Akiandika "haziwezi kuota", ametoa hukumu ya kifo, na hukumu hiyo haitolewi kwa kuzikodolea macho siku kumi. Kuna kipimo chake: mbegu hukatwa na kulowekwa kwenye maji ya tetrazoli, dawa isiyo na rangi, kiinitete, yaani mmea mchanga ulio ndani ya mbegu, kikiwa hai hugeuka chekundu, kilichokufa hubaki na weupe wake. Mbegu ikishageuka nyekundu, huwezi tena kuiandikia kwamba haiwezi. Iko hai, ila haijaota.

Haijaota! Lugha ngapi zinalazimika kuongeza neno zima ili zieleze jambo ambalo sisi tunalieleza kwa silabi moja? Hiyo -ja- ndiyo sarufi yote ya mbegu iliyolala: jambo halijatukia, na mlango haujafungwa. Mwaka 1879 huko Michigan, Marekani, mtaalamu wa mimea William James Beal alizika chupa 20 zenye mchanga na mbegu, kila chupa mbegu 50 za kila mmoja wa mimea 21, ili ijulikane mbegu za magugu hudumu muda gani ardhini. Chupa zimekuwa zikifukuliwa moja moja kwa zamu. Ile ya mwaka 2021 ilipofukuliwa na mbegu zake kupandwa, baadhi ziliota. Kwa miaka 142 jibu sahihi lilikuwa "hazijaota", na yeyote ambaye angeandika "hazikuweza" angekuwa amezika wazima.

Au chukua kiduha, gugu linalonyonya mizizi ya mahindi na mtama. Mbegu yake ni ndogo kama vumbi na hukaa udongoni miaka na miaka ikiwa hai. Maji peke yake hayaiamshi. Husubiri kemikali inayotolewa na mzizi wa mmea utakaonyonywa, kwa kuwa ikiota bila mwenyeji karibu itakufa baada ya siku chache. Mkulima anayeamini kiduha cha shambani mwake "hakikuweza kuota" mwaka huu atapanda mtama mwakani, ndipo atakapofundishwa maana ya -ja-. Mbegu za aina fulani za saladi nazo zina masharti: mwaka 1952 watafiti wa Beltsville, Marekani, walizimulika kwa nuru nyekundu zikaota, wakafuatisha nuru nyekundu ya mbali, ile iliyo ukingoni mwa uwezo wa macho, zikakataa. Wakirudia zamu hizo, mmuliko wa mwisho ndio uliokuwa unaamua. Sababu si ukaidi. Majani hunyonya nuru nyekundu na kuipitisha ile ya mbali, kwa hiyo mbegu iliyo chini ya kivuli cha mimea mingine inajua kwamba juu kuna wakubwa, inatulia.

Mtaalamu ataniambia kwamba mbegu iliyolala, kwa wakati ule, kweli haiwezi kuota, maana kizuizi kimo ndani yake yenyewe. Ni hoja nzuri, na ndiyo inayotenganisha mbegu iliyolala na mbegu kavu tu, ile ya ghalani ambayo ukiipa maji inaota bila maswali. Basi aandike "bado haiwezi". Hilo "bado" ndilo ninalolipigania. Kwenye "hazikuweza" halimo.

Na "zimeweza"? Ninatoa kibali kimoja. Mbegu ya mtende iliyofukuliwa Masada, ngome ya kale huko Israeli, miaka ya 1960, yenye umri wa miaka ipatayo 2,000, ilikaa kwenye hifadhi kwa miongo kadhaa, ikalowekwa na kupandwa mwaka 2005, ikaota. Hiyo imeweza. Mbegu ya maharage kwenye pamba yenye unyevu imeota, basi.

Kuhusu usingizi: unafaa, tena unaeleweka kuliko istilahi nyingi za kubuni. Ninachokataa ni "hali ya". Mbegu haziwi katika hali ya usingizi, zimelala. Nakataa pia ile "kwa sababu". Kusema mbegu haikuota kwa sababu imelala ni kusema haikuota kwa sababu haioti. Kuna mbegu ambazo ganda lake ni gumu kiasi cha kuzuia maji, kama za migunga mingi. Nyingine kiinitete chake hakijakomaa wakati mbegu inapodondoka. Nyingine zimeshikwa na homoni, asidi ya absisiki ikizuia huku jiberelini zikisukuma, na baadhi ya hizo hazifunguki mpaka zipitie wiki kadhaa za baridi na unyevu.

Mwambie mwanafunzi azichukue zile mbegu tatu, azikwaruze ganda kwa msasa upande mmoja, asikiguse kiinitete, azirudishe majini. Zikivimba kesho na kuota baada ya siku chache, kosa lilikuwa la ganda, na "kwa sababu" yake itakuwa imepata kitu cha kufuata.