Maswali ya Wasomaji: Uhakiki huanza pale muhtasari unapokoma

SWALI: Shikamoo Mwalimu. Ninafundisha Kiswahili katika shule ya sekondari mkoani Morogoro, na wenzangu wa kikundi chetu cha kusoma vitabu wamenipa kazi ya kuhakiki tamthilia ya Kinjeketile ya Ebrahim Hussein kwa ajili ya jarida dogo tunalolitoa kila muhula. Nimeandika kurasa sita. Nne zinaeleza yanayotokea tangu mwanzo hadi mwisho, na mbili zimeorodhesha dhamira, migogoro, wahusika, mandhari na tamathali za semi, kama ninavyowafundisha wanafunzi wangu. Mhariri wetu amenirudishia akisema kwamba humo hamna uhakiki. Naomba unieleze kilichokosekana.
Msomaji, Morogoro

JIBU: Marahaba, mwalimu mwenzangu. Mhariri wenu amesema kweli, ingawa angekutendea haki zaidi kama angekuonyesha mahali penyewe. Kurasa zako nne za kwanza zinamweleza msomaji yanayotokea katika tamthilia, na mbili za mwisho zinamweleza vilivyomo. Hakuna ukurasa unaomweleza wewe umeamua nini kuhusu kazi hiyo na kwa sababu gani. Uhakiki ni hukumu iliyofikiriwa vizuri na kutolewa pamoja na ushahidi wake. Orodha ya fani na maudhui tunayoifundisha darasani ina manufaa yake, maana humzoesha kijana kuitazama kazi kila upande kabla hajasema neno, na humsaidia katika mtihani. Lakini orodha hiyo ni maandalizi ya mhakiki, nayo hubaki katika daftari lake. Ninalisema hili kwa uchungu, kwa sababu nimesoma tahakiki nyingi ambazo, ukibadilisha jina la kitabu na majina ya wahusika, kila sentensi inaendelea kufaa bila kuguswa.

Rudi basi kwenye kitabu, ukisome mara ya pili ukiwa na kalamu mkononi, na safari hii usiwinde dhamira. Tafuta mahali palipokusumbua, iwe ni neno la mhusika ambalo hukulitarajia, tukio lililokuja mapema au kuchelewa kuliko ulivyodhani, au mtu aliyenyamaza pale ulipotaka aseme. Mhakiki hulipata swali lake mahali kama hapo, na swali moja lililoshikwa barabara linatosha kwa uhakiki mzima.

Nikupe mfano. Kinjeketile Ngwale wa historia, mganga wa Ngarambe aliyegawa maji yaliyoaminiwa kwamba yangeziondolea nguvu risasi za Wajerumani, alinyongwa mwanzoni mwa Agosti 1905, Vita vya Maji Maji vikiwa ndiyo kwanza vimeanza, navyo vikaendelea bila yeye hadi 1907. Kinjeketile wa tamthilia, iliyochapishwa mwaka 1969, hafi mapema hivyo. Anaachwa hai mpaka wapiganaji waliomwamini waangushwe na bombomu, yaani bunduki za rasharasha, anakamatwa, na mwishoni Kitunda, aliyewaongoza wapiganaji hao, anamshauri aseme kwamba maji yalikuwa uongo. Anakataa, kwa hoja kwamba neno limekwisha kuzaliwa, na kwamba vizazi vijavyo vitalihitaji.

Msomaji mwenye haraka ataandika kwamba mwandishi amekosea historia. Hussein mwenyewe anaeleza katika utangulizi kwamba Kinjeketile wake ni mtu aliyebuniwa kwa ajili ya sanaa, kwa hiyo shutuma hiyo haina pa kushika. Swali lenye mavuno ni lile linaloifuata: tamthilia imepata nini kwa kumwongezea mtu huyu siku za kuishi? Jibu langu, ambalo uko huru kulipinga, ni kwamba Kinjeketile aliyekufa kabla ya mapigano makubwa angebaki nabii asiyejaribiwa, na mchezo mzima ungekuwa masimulizi ya ushujaa tu. Akiishi, analazimika kusimama mbele ya hasara iliyoletwa na ahadi yake na kuamua kama umoja uliojengwa juu ya imani ile una thamani hata baada ya imani yenyewe kuvunjwa na risasi.

Dai hilo linahitaji ushahidi, na ushahidi umo kitabuni. Kumbuka tukio ambalo Kinjeketile, akiwa amepandwa na pepo Hongo, anatangaza umoja na ushindi, kisha anatamka kwamba baada ya Wajerumani kuondoka watu watakuwa watoto wa Seyyid Said, sultani wa Zanzibar. Anapozindukana na kutambua alichokisema, anafadhaika, kwa kuwa uhuru unaomtoa mtu mikononi mwa bwana mmoja ili umkabidhi kwa mwingine haustahili kufiwa. Tangu hapo anaishi na shaka kwamba sauti iliyompa maji huenda ilimhadaa, na wakati huo huo hawezi tena kuwarudisha nyuma watu ambao maji hayo yamewaunganisha. Ukiliweka tukio hilo kando ya lile la mwisho, unaona kwamba anayekataa kuukana ujumbe wake mbele ya kifo ni mtu aliyekwisha kutia shaka kwa muda mrefu, akachagua kukilinda kile ambacho shaka yake haikukifikia. Hapo tumepata dai moja, matukio mawili ya kulithibitisha, na maelezo ya uhusiano wao. Aya tatu au nne za namna hiyo zingezishinda kurasa zako zote sita.

Muhtasari haukatazwi, ila upewe aya moja, na ndani yake uingie tu mkasa ambao hoja yako itauhitaji baadaye. Ikiwa hutamjadili mhusika fulani, hakuna sababu ya kumtaja. Nukuu nazo zisitumike kama mapambo: ukinukuu maneno ya Kitunda, sentensi inayofuata iseme maneno hayo yamefanya kazi gani pale yalipo, na kama huna la kusema juu yake, iondoe nukuu hiyo.

Kuna kipengele kimoja cha mazoea yetu ambacho ningependa tukiache kabisa, nacho ni kile tunachokiweka mwishoni kwa jina la kufaulu na kutofaulu kwa mwandishi. Kwa kawaida kufaulu kunasema kwamba mwandishi ameielimisha jamii, na kutofaulu kunasema kwamba ametumia maneno magumu. Hukumu ikingojea aya ya mwisho, hufika imechoka na haina la kusimamia. Inapaswa kuongoza tangu aya ya kwanza, na kasoro unayoitaja iwe nzito kiasi cha kumfanya mwandishi mwenyewe akae afikiri. Katika Kinjeketile, kwa mfano, mhakiki anaweza kuuliza kwa nini wanawake, ambao mazungumzo yao juu ya njaa ndiyo yanayoufungua mchezo na kutuonyesha gharama ya utawala wa Kijerumani jikoni kabla hatujaiona shambani, hawana sauti yenye uzito pale vita vinapoamuliwa. Je, mwandishi anatuonyesha jinsi uamuzi wa vita ulivyowapita, au ni yeye aliyewasahau? Mimi huelekea kwenye jibu la pili, lakini nimewahi kusikia wasomaji makini wakitetea la kwanza kwa hoja nzuri.

Mwisho, zipitie sentensi zako moja moja. Ulipoandika kwamba wahusika wamechorwa ipasavyo, uliza: ipasavyo kwa lipi? Ulipoandika kwamba lugha ni ya kuvutia, msomaji hakuona chochote. Linganisha na sentensi kama hii: "Kwa kumfanya Kitunda, ambaye hakuwahi kuridhika na maji, awe ndiye anayewafunza watu kupigana, tamthilia inamweka mtu wa shaka katika utumishi wa imani ya mwenzake." Anayeipinga sentensi hiyo ana cha kushika, na hicho ndicho kipimo ninachokitumia kwa kila sentensi ya uhakiki: kama hakuna anayeweza kuibishia, haijasema kitu.

SWALI: Mwalimu, nakusalimu kwa heshima. Nina umri wa miaka ishirini na mitatu na sijachapisha chochote. Katika mkutano wa wapenzi wa fasihi nilisoma uhakiki wangu wa Kusadikika, nikasema kwamba wahusika wake ni bapa, hawana undani wala mabadiliko. Mzee mmoja alinikemea mbele za watu kwamba namkosea adabu Shaaban Robert. Je, kijana asiye na jina ana haki ya kumkosoa mkongwe?
Msomaji, Mombasa

JIBU: Haki unayo, mwanangu, na wala haitegemei umri. Heshima kwa mwandishi aliyetutangulia ni kusoma alichokiandika chote, kwa utulivu, na kukijibu kwa uzito uleule aliokiandikia. Kumsifu bila kumsoma ni kumzika mara ya pili. Mzee wako angeweza kukuonyesha kosa la hoja yako badala ya kukunyamazisha, na kwa kuwa hakufanya hivyo, nitajaribu kulifanya mimi, kwa sababu hoja yako ina kasoro.

Kusadikika, kilichotoka mwaka 1951, ni istiara. Nchi yake inaelea angani, mshtakiwa wake anaitwa Karama na mshtaki wake anaitwa Majivuno. Mwandishi ametujulisha tangu majina hayo kwamba anatuletea sifa zilizovaa miili ya watu. Kumdai undani wa nafsi ni kumpima kwa kipimo cha aina nyingine ya riwaya, ambayo hakukusudia kuiandika. Kosa hili si lako peke yako. Euphrase Kezilahabi alipochapisha Kichomi mwaka 1974, mashairi yake yasiyofuata vina na mizani yalikataliwa na watu waliokuwa na elimu kubwa ya ushairi, na katika mabishano yale marefu baina ya wanamapokeo na wanausasa, swali la kama shairi fulani la mkusanyiko ule lilikuwa zuri au baya kwa masharti yake lenyewe mara nyingi lilimezwa na swali la kama liitwe shairi. Kabla ya kuhukumu, mhakiki hujiuliza kwanza kazi hii imejitwika mzigo gani, kisha huangalia kama imeufikisha.

Hapo ndipo unapoweza kumkosoa Shaaban Robert kwa haki. Karama, aliyeshtakiwa kwa kutaka kueneza elimu ya sheria, anajitetea kwa kusimulia habari za wajumbe sita waliotumwa pande mbalimbali, na habari hizo zinafuata mpango unaofanana: mjumbe huenda, hujifunza, hurejea na manufaa kwa nchi yake, na malipo yake huwa mateso. Unaweza kuuliza kama marudio hayo yanaukaza ushahidi wa Karama, kila mjumbe akiongeza uzito wa shtaka dhidi ya watawala wenyewe, au kama kufikia mjumbe wa nne msomaji amekwisha kuujua mwisho wa kila safari, na hoja imeanza kupungua nguvu. Lijibu swali hilo kwa kulinganisha safari mbili hatua kwa hatua, kisha usome tena mbele ya mkutano uleule. Ukikemewa, omba kwa adabu uonyeshwe ukurasa unaokupinga.

SWALI: Je, uhakiki usio na nadharia unakubalika? Mhadhiri wangu anasisitiza nadharia, lakini magazeti hayaitaji.
Msomaji, Unguja

JIBU: Kwa tasnifu na kazi za chuo, fuata masharti ya mhadhiri wako, kwa kuwa huko unapimwa pia kama unazijua zana. Katika gazeti, nadharia itumike ikiwa inakuonyesha jambo ambalo usingeliona bila hiyo. Swali nililomwachia msomaji wa Morogoro kuhusu wanawake wa Kinjeketile ni la kifeministi, nalo limesimama bila kutaja waasisi wa ufeministi wala mihimili yake. Ubaya huja pale ambapo kurasa tatu zinaeleza nadharia, na kitabu kinaletwa mwishoni ili kiitikie.

SWALI: Rafiki yangu wa karibu ametoa diwani yake ya kwanza kwa fedha zake mwenyewe, na ameniomba niihakiki gazetini. Nimeisoma. Mashairi matatu ni mazuri sana na mengine yote hayajaiva. Nifanyeje?
Msomaji, Dodoma

JIBU: Una njia mbili za uaminifu. Ya kwanza ni kumwambia mapema kwamba hutaihakiki hadharani, badala yake ukae naye jioni moja na diwani mkononi, shairi baada ya shairi, umwonyeshe yale matatu yamefanya nini ambacho mengine hayakukifanya. Ya pili ni kuihakiki na kutaja urafiki wenu katika aya ya kwanza, ili msomaji aupime ushahidi wako akijua unakotoka, kisha uandike yote mawili, mazuri na yasiyoiva, kwa mifano ya beti. Ukichagua njia hii, mjulishe kabla makala hayajatoka, lakini usimpe ayahariri. Ninayoikataa ni njia ya tatu, ambayo wengi huifuata, ya kuyasifu mashairi yote kwa maneno ya jumla. Wasomaji watainunua diwani kwa neno lako, wataona wenyewe, na mara nyingine utakapokisifu kitabu kinachostahili, hawatakuamini. Na rafiki yako ataandika diwani ya pili bila kujua kwamba yale mashairi matatu ndiyo aliyopaswa kuyafuata.