Mume yuko Doha, na kijana wangu wa miaka mitano kawa mkali mpaka naogopa

"Shangazi shikamoo. Mimi niko Kisauni, Mombasa, nna watoto wawili, kijana wa miaka mitano na nusu yuko PP2 (chekechea ya mwisho) na dadake wa miezi saba. Baba watoto alienda Doha kufanya kazi ya usekyuriti huyu mdogo hata hajazaliwa. Tangu hapo kijana amebadilika. Akinyimwa kitu kidogo ajitupa chini, apiga mateke, juzi kamuuma dadake mkono. Ijumaa moja tumemaliza tu kuongea na babake kwa vidio kachukua rimoti kaivunja. Mavyaa wangu ambaye twaishi naye asema namdekeza, mtoto wa kiume halii ovyo, achapwe atanyooka. Nikamchapa kweli, zaidi ya mara moja, na akaacha kulia, lakini sasa akikasirika aingia chini ya kitanda anyamaza, nikimwita haitiki, na ameanza tena kukojoa kitandani na alikuwa ashaacha zamani. Ijumaa iliyopita pia alikojoa. Mavyaa asema si waona ametulia. Mimi moyo wangu haujatulia. Nifanyeje?"

Marahaba mamangu. Moyo wako wakwambia kweli na nataka uusikize huo kabla ya kumsikiza mtu mwengine yeyote, mimi nikiwemo. Mtoto aliyekuwa apiga kelele halafu ghafla kawa kimya, yuko chini ya kitanda haitiki, usiku akojoa, huyo hajatulia. Huyo amejua kwamba akizionyesha hasira zake atapigwa, kwa hivyo azificha, na zile hasira hazijaenda popote, ziko mwilini mwake na zatafuta pa kutokea. Afadhali alipokuwa akijigaragaza manake ulikuwa wamuona. Hili ndilo nnalotaka ulishike, mengine yote ntakayosema yatoka hapo: mtoto hafundishwi kutulia kwa kunyamazishwa, ajifunza kutulia kwa kutulizwa, mara nyingi sana, na mtu mzima, mpaka ule utulivu wa mtu mzima uwe wake.

Sasa nikuulize, umeona kwamba Ijumaa umeitaja mara mbili? Rimoti ilivunjwa mlipomaliza kuongea na babake, na kukojoa kwa wiki iliyopita ni Ijumaa. Nadhani Ijumaa ndio babake apata ofu na ndio siku ya vidio. Hebu jiweke wewe mahali pake. Una miaka mitano, hujui kontrakti ni kitu gani, hujui miaka miwili ni mingapi, wajua tu kwamba baba alichukua begi akaondoka, kisha nyumbani kakaja mtoto mchanga, na baba sasa ni uso ndani ya simu, wacheka naye kidogo halafu mtandao wakata au asema haya baba kwaheri, na wewe wabaki na simu nyeusi mkononi. Watoto wa umri huu tena wana tabia ya kudhani mambo yametokea kwa sababu yao, yaani yawezekana kabisa huyu kijana aamini moyoni kwamba babake aliondoka sababu yeye ni mtundu, au kwamba huyu mdogo ndiye aliyechukua nafasi. Simtetei kumuuma dadake, la, lakini nakuomba uone yale meno yametoka wapi.

Watu husema "huyu ajua, afanya makusudi tu". Kujua ajua, ukimuuliza saa ametulia kuuma watu ni vizuri atakwambia si vizuri. Shida ni kwamba sehemu ya ubongo ya mbele, hapa nyuma ya paji la uso, ambayo ndiyo breki ya mwanadamu, yakua polepole kuliko sehemu nyengine na haimalizi mpaka mtu afike kama miaka 25 hivi. Mtoto wa miaka mitano breki anazo lakini ni changa, na akipandwa na hamaki hazishiki kabisa. Ndio maana kumpa mawaidha wakati yuko chini apiga mateke ni kupoteza pumzi zako, hayaingii, hata yakiwa mawaidha mazuri namna gani. Na kumpiga wakati ule kwamuongezea hofu juu ya hasira, basi, anyamaza kwa hofu.

Breki zake kwa sasa ni wewe. Kuna mwanasaikolojia wa Marekani, Edward Tronick, miaka ya 1970 alifanya jaribio ambalo mpaka leo lafundishwa: mama acheza na mtoto wake mchanga vizuri, kisha aambiwa auache uso mkavu, asicheke asiongee, amuangalie tu. Kitoto chaanza kumchekea mama, kunyoosha mikono, kupiga kelele ili mamake arudi, akiona harudi avurugika, alia, mwishowe ageuza uso pembeni. Halafu mama akirudi kuwa mama, yule mtoto atulizwa. Mimi kinachonigusa kwenye kazi ya huyu bwana ni kwamba alikuja kuonyesha hata mama na mtoto wanaopendana vizuri hupishana mara nyingi tu kila siku, na kinachomjenga mtoto ni kule kurudiana baada ya kupishana. Kwa hivyo zile mara ulizomchapa usizibebe kama kwamba ushamuharibu. Mrudie. Mkalishe saa hana hasira, mwambie "mama alikupiga na haikuwa vizuri, nilikasirika nikakosa kujizuia, nisamehe, sitaki kukupiga tena." Wengi waona mzazi akimuomba mtoto msamaha heshima yatoka. Haitoki. Ndiyo mara yake ya kwanza kuona mtu mkubwa amekasirika, amekosea na amerekebisha, na hicho ndicho twamtaka yeye akifanye.

Haya, sasa akiingia chini ya kitanda ufanye nini. Usimvute mguu kumtoa na usisimame mlangoni ukimwita mara kumi. Keti sakafuni hapo karibu, hata ukiwa wamnyonyesha mdogo, sema kwa sauti ya chini "niko hapa, sina hasira na wewe, ukitaka kutoka utanikuta". Kisha nyamaza wewe. Mara za kwanza huenda akakaa muda mrefu na utaona waonekana mjinga, vumilia. Akitoka mpe maji, mkumbatie akikubali, asipokubali mwache, na usianze saa hiyohiyo "sasa kwa nini ulifanya vile". Maneno baadaye, ameshakula, ametulia, labda mkienda dukani.

Na siku akirudi kulipuka kwa kelele (atarudi, akianza kukuamini tena atakulilia kwa sauti, na hiyo usiione ni kurudi nyuma), hapo chuchumaa uwe sawa na macho yake, sema maneno machache: "umekasirika. Dadako haumwi." Mzuie mkono kama ataka kupiga, kwa upole lakini kwa nguvu ya kutosha, msogeze mdogo mbali. Waona hapo hujamdekeza? Kudekeza ni kumpa kile alichokililia ili mradi anyamaze. Ukisema hapana ya peremende iwe hapana hata akijigaragaza stejini Bombolulu watu wote waangalia, lakini kukasirika kwake kwa ile hapana ana ruhusa. Hasira aruhusiwa, kuuma na kuvunja haruhusiwi, na hayo mawili uyatenganishe kila siku mpaka ayajue kwa moyo.

Msaidie pia apate maneno. Wengi wa watoto wetu wanalo moja tu, nimekasirika, na ndani yake mmejaa kila kitu, wivu, haya, woga, hamu ya babake, uchovu wa kutoka shule kwenda chuoni (madrasa) bila kulala. Mkiwa kwenye tuktuk au wamuogesha sema tu "leo nahisi uchovu mama, na nimemkumbuka babako pia, roho yaniuma kidogo." Usimuulize maswali, wewe sema yako, atakuja kusema yake siku ambayo hukutarajia. Hili nalo lina ushahidi: mwaka 2007 watafiti wa Chuo Kikuu cha California kule Los Angeles waliwaonyesha watu picha za nyuso zenye hasira na woga huku wakiwapima ubongo, na walipoitaja ile hisia kwa neno, sehemu ya ubongo inayoshtuka kwa hatari ilipungua kazi. Walikuwa watu wazima hao, lakini hata mlezi yeyote wa watoto wadogo atakwambia mtoto akiweza kusema "naona wivu" hupungukiwa na haja ya kuuma. Pumzi nazo mfundishe saa ya raha, si saa ya vita, apulize chai yake ya moto taratibu, mvuto mfupi, kupuliza kurefu, mfanye mchezo, ndio siku ya hasira umkumbushe tu "puliza".

Simu isiwe dawa ya kila kilio. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Michigan 2022 waliwafuatilia watoto wa miaka mitatu mpaka mitano, wakaona wale wanaotulizwa kwa simu mara kwa mara huzidi kupandwa na hisia kwa wepesi, na kwa wavulana ilionekana zaidi. Mara moja moja ukiwa umebanwa si dhambi.

Sasa mavyaa. Huyu ni mama wa mumeo na mwaishi nyumba moja, na pengine mwanawe kuwa mbali kwamuuma na yeye pia ila hakuna aliyemuuliza. Usimjibu mbele ya mtoto. Mpelekee chai saa ametulia, mwambie "mama, kijana ameanza kukojoa, naogopa, nisaidie tujaribu njia nyengine mwezi huu." Muombe kazi, usimpe somo, kwa mfano yeye ndiye amkalishe karibu na kumpa stori za babake alipokuwa mdogo, hizo hakuna mwengine anazo. Na lile la mwanamume halii, mkumbushe kwa adabu kwamba Mtume (S.A.W) alitokwa na machozi mwanawe Ibrahim alipokuwa akikata roho, na maswahaba wakamuona. Na kile kisa cha Abu Umayr, mtoto mdogo, ndugu wa swahaba Anas, alikuwa na kidege chake kikafa, akawa na huzuni, na Mtume hakumwambia nyamaza ni kidege tu, alimuuliza habari za kile kidege. Sijui kama kuna mfano mzuri kuliko huo wa mtu mkubwa kuichukulia kwa uzito huzuni ya mtoto.

Kukojoa kwenyewe mpeleke kliniki apimwe mkojo, manake mtoto aliyekuwa ashaacha akirudia yaweza kuwa mawazo lakini pia yaweza kuwa maambukizi, au choo kigumu, na kama anywa maji sana na akonda waambie wampime na sukari. Usimuaibishe, na majirani wasijue. Na zungumza na ticha wake, ukisikia na shule yuko vivi hivi, au wiki zapita hali wala halali vizuri, au ajiumiza mwenyewe, omba wakupe rufaa kwa mtu wa saikolojia ya watoto. Ukihisi mkono wako wakaribia kumpiga tena na huna wa kumwambia, piga 116, ni ya Childline Kenya, ni bure saa zote. Na wewe umezaa miezi saba iliyopita mume hayupo: kama walia kila siku au huoni raha ya chochote, hilo lisemwe kliniki hiyohiyo, ni ugonjwa watibika.

La mwisho ni la baba, na hili mtumie kabla ya Ijumaa hii. Mwambie Doha na Mombasa saa ni ileile, kwa hivyo hakuna haja ya kungoja Ijumaa usiku mtoto ashachoka, heri dakika tano kila siku kabla hajalala au voisi asubuhi kabla ya shule. Asianze na "mbona wafanya ukaidi", na wewe pia acha kumtishia kwa "ntamwambia babako". Kabla ya kukata amuandae: nakuimbia moja kisha nakata, kesho saa hii hii napiga, na kesho apige kweli, asipoweza atume voisi aseme. Asimdanganye kwamba aja karibuni, amuhesabie kwa Idd, Idd hii bado, ile nyengine inshallah. Amwambie wazi kwamba kuondoka kwake hakukuwa kosa la mtoto wala la dadake. Na kama roho yamuuma kuwa kule mbali, asimfiche mwanawe, amwambie kwa sauti yake mwenyewe, "baba pia nna hamu nawe mpaka wakati mwengine nalia."