Maswali yenu: yule dada wa Serbia na kile kikaratasi cha mgongoni

Juzi niligusia juujuu habari za Ivana Vuleta, mrukaji wa Serbia, nikajua yameisha, kumbe ndo nimechokoza nyuki. Maswali yanayofanana nimeyaunganisha. Na kwa waliosoma zamani, tunaongelea kuruka chini, ule mchezo wa kukimbia na kutua kwenye mchanga, sio kuruka juu.

Kaka, naona matokeo mengine wameandika Ivana Španović, mengine Ivana Vuleta. Ni mtu na mdogo wake?

Hapana, ni huyohuyo mmoja. Španović ni jina la kwao, Vuleta la mume, na alianza kulitumia uwanjani 2022. Ukitafuta video za zamani tumia lile la kwanza.

Alianzaje? Alilelewa kwenye kambi kama wale Warusi wa zamani?

Amezaliwa Zrenjanin, kaskazini mwa Serbia, Mei 1990, klabu yake ni Vojvodina ya Novi Sad na kocha aliyemkuza ni Goran Obradović. 2008 akawa bingwa wa dunia wa vijana kule Bydgoszcz, Poland, mwaka huohuo akapelekwa Olimpiki ya Beijing na miaka yake 18, akatolewa kwenye mchujo. Mambo yakaja kukaa sawa Moscow 2013, aliporuka mita 6.82 akapata shaba, na hiyo ndo ilikuwa medali ya kwanza ya Serbia kwenye mashindano ya dunia ya riadha ya nje. Baadae Rio 2016 akawa mwanamke wa kwanza wa Serbia kupata medali ya riadha kwenye Olimpiki.

Hiyo stori ya namba iliyomkosesha medali ni kweli au chumvi za mitandaoni?

Kweli kabisa, na mi bado inaniuma kama vile nilikuwa namlipia nauli. Ni mashindano ya dunia, London 2017. Anaingia mruko wake wa mwisho, kile kikaratasi chenye jina mgongoni kimeshaachia upande mmoja kinapepea, anakimbia, anaruka, anatua na mtu yeyote mwenye macho anasema hii imezidi mita saba. Kidogo kidogo ubao wa matokeo unaonyesha 6.91. Watu wakabaki wanaangaliana. Ukirudisha picha taratibu unaona kile kikaratasi kinashuka nyuma yake na kinagusa mchanga. Serbia wakakata rufaa, ikatupwa.

Sasa wengi wanauliza kwani kikaratasi nacho ni mguu? Sheria inasema hivi, kipimo kinachukuliwa kwenye alama ya mchangani iliyo karibu zaidi na ubao wa kurukia, iwe imeachwa na mwili au na kitu chochote kilichoshikamana na mwili wakati huo. Kwahiyo nywele ndefu, kaptula, namba, vyote ni wewe. Uchungu sasa uko kwenye hesabu: mruko wake bora siku ile ulikuwa 6.96, Tianna Bartoletta akabeba shaba na 6.97, Darya Klishina fedha na 7.00, Brittney Reese dhahabu na 7.02. Yaani sentimita moja tu hana medali, sita hana dhahabu! Mi siwezi kusema angeshinda, hakuna aliyeupima mruko usio na kikaratasi, lakini sitashangaa kama yeye mwenyewe anaamini hivyo.

Mbona ndani ya ukumbi alikuwa anawachapa wote halafu nje anaambulia shaba? Anaogopa upepo?

Upepo wala sio tatizo. Ni kweli ndani alikuwa hashikiki, miezi mitano tu kabla ya ile London aliruka 7.24 Belgrade, mbele ya watu wa kwao, na ndani ya ukumbi waliowahi kupita hapo ni Heike Drechsler na Galina Chistyakova tu. Ubingwa wa dunia wa ndani kauchukua mara mbili, Birmingham 2018 na Belgrade 2022. Ila nje napo usimdharau, bingwa wa Ulaya Amsterdam 2016 na Munich 2022.

Tatizo lake mi naliona ni kalenda tu. Rio aliruka 7.08, rekodi ya taifa ya wakati huo, akapewa shaba kwasababu Bartoletta alikuwa na 7.17 na Reese 7.15. Sasa chukua hiyo 7.08 uipeleke London mwaka uliofuata, inabeba dhahabu. Ipeleke Olimpiki ya Tokyo, inabeba dhahabu pia maana Malaika Mihambo alishinda na 7.00, na yeye siku hiyo katoka wa nne na 6.91. Siku anaruka vizuri anawakuta wenzie nao wameamka vizuri.

Kwahiyo dhahabu ya dunia ya nje hakuipata?

Aliipata! Budapest 2023, ana miaka 33, karuka 7.14, wa pili Tara Davis-Woodhall ana 6.91. Safari hii hata angebeba begi mgongoni sidhani kama wangemkuta. Ila Olimpiki ya Paris aliikosa, aliumia mwanzoni mwa 2024, kwahiyo upande wa Olimpiki kabaki na ile shaba ya Rio.

Binti yangu anaruka shuleni, ana kasi nzuri ila kila mara anazidisha ubao. Nimfanyeje?

Mama, hilo ndo gonjwa la warukaji wote. Ubao una upana wa sentimita 20 tu na kipimo kinaanzia ukingo wa mbele, akikanyagia nyuma ya hapo anajipunja, akizidisha mruko haupo. Msimamishe kwenye ubao, mguu wa kurukia, umgeuze aupe mchanga mgongo, akimbie kurudi mwanzo wa njia kama hatua 13 au 15 kwa kasi yake ileile, wewe angalia mguu wa mwisho umekanyaga wapi, weka alama pembeni, hata kandambili inatosha. Aanzie hapo. Akizidisha tena usimwambie aangalie chini, akiangalia chini anapunguza mwendo, we sogeza kandambili nyuma unyayo mmoja ajaribu tena.