Maswali ya Wasomaji: Korongo la Kwetu, Korongo la Kwao

Mwezi huu barua zilizokuja nyingi zinaulizia kitu kimoja, korongo la Grand Canyon kule Marekani na mto wake, utadhani mmekaa kijiwe kimoja pale Sakina mkajadiliana afu mkanitumia, kwa hiyo nazijibu kwa pamoja na kurasa zingine zitanisamehe.

Kaka mhariri habari za kazi. Mi ni dereva na kiongozi wa watalii hapa Arusha. Juzi nilikua na wageni wa Marekani, tumesimama pale juu Oldupai naanza kuwaeleza, mzee mmoja akasema kwao Arizona kuna korongo kubwa kuliko hili mara nyingi sana, Grand Canyon, akaniuliza kati ya haya mawili lipi la zamani. Nikanyamaza. Na je kule kwao kulikua na watu au ni mawe tu? Dereva, Sakina

Kaka nzuri tu, na hongera kwa kunyamaza, maana mgeni ukimdanganya kitu kimoja akaja kugundua hatakuamini tena hata ukimwonyesha simba amelala barabarani. Swali la huyo mzee linachanganya kwa sababu ukisema korongo unataja vitu viwili kwa mpigo, kuna lile shimo na kuna yale mawe ambayo shimo limekatwa humo. Ukichimba kisima leo kwenye kihamba cha babu, kisima ni cha leo ila udongo ni wa tangu na tangu.

Kwa upande wa mawe hatuwawezi. Pale Grand Canyon ukishuka mpaka chini kabisa unakopita mto Colorado unakutana na mawe meusi magumu yenye miaka kama bilioni 1.7, halafu kila ukipanda unapita tabaka jingine na jingine, ya chokaa, ya udongo, ya mchanga, mpaka unafika ukingoni kwenye chokaa ya miaka milioni 270 hivi, na hiyo chokaa ilitengenezwa chini ya bahari, magamba ya viumbe vya baharini bado yamo humo, wakati leo ukingo wa kusini uko mita kama 2,100 juu na bahari yenyewe huioni wala kuisikia. Kuna tabaka moja lilikua jangwa la matuta ya mchanga, limebaki na nyayo za wanyama waliopita kabla hata dinosaria hawajakuwepo duniani. Na kuna mahali ukiegemeza mkono ukutani kiganja kinakaa kwenye jiwe la zaidi ya miaka bilioni 1.5 na ncha za vidole zinagusa jiwe la miaka milioni 500 na kitu, hapo katikati miaka bilioni nzima na zaidi haipo, ililika yote ikaondoka kabla tabaka jipya halijaja kulala juu yake. Mi hilo nilisoma nikafunga kitabu kwanza nikakaa.

Sisi Oldupai tabaka za chini zina miaka milioni 2 hivi. Ni majivu ya volkano za nyanda za Ngorongoro yaliyomwagika kwenye tope la ziwa lililokuwepo pale. Mbele ya jiwe la bilioni 1.7 hayo ni majivu ya jana.

Ila shimo lenyewe la Grand Canyon, sehemu kubwa mto umelikata ndani ya miaka kama milioni 5 au 6 tu iliyopita, maana ile nchi ilikua inainuka na mto nao unazidi kuchimba, mto wenye kasi, umebeba mchanga na mawe kama msasa. Urefu kilomita 446 ukifuata mto, kina kinapita kilomita moja na nusu. La kwetu ni kilomita 48 hivi na kina mita kama 90, limekatwa na vijito vya msimu, mvua ikinyesha maji yanapita yanakwenda kuishia kule Olbalbal, kiangazi unaona mchanga tu na ng'ombe wanakanyaga.

Sasa mgeni akishamaliza kukuhesabia kilomita mpeleke kwenye watu. Korongo lao lote na ukubwa wake alama za binadamu hazizidi sana miaka 12,000, wakati hapa unaposimama ndipo Mary Leakey, mtafiti wa mabaki ya kale, tarehe 17 Julai 1959 aliona meno na mfupa vimetokeza kwenye udongo, lile fuvu la jamaa wa kale wa binadamu likaitwa Zinjanthropus, lina miaka milioni 1.75, na mwaka uliofuata wakaanza kupata mabaki ya yule waliyekuja kumwita Homo habilis, fundi wa zana za mawe. Ukienda mbele kidogo Laetoli kuna nyayo za miaka milioni 3.66 za viumbe waliotembea wima kwenye majivu mabichi. Huyo mzee wako bibi wa bibi wa bibi yake wa mbali kabisa ni wa Afrika, amekuja nyumbani bila kujua, na hilo mwambie bila kuona haya.

Na kule kwao watu walikuwepo, tena sana. Kwenye mapango ya juu ukutani wamekuta vinyama vidogo vya vijiti, mtu alichukua kijiti kimoja cha mti wa mtoni akakipasua akakikunja kikawa kama swala au kondoo wa milimani, vina miaka kati ya 2,000 na 4,000. Baadaye wakaja wakulima, mahindi maharage na maboga, yaani ni shamba la kwetu kabisa, na miaka kama 900 iliyopita walijenga vihenge vya mawe juu kwenye ukuta wa korongo sehemu inaitwa Nankoweap ili chakula kisiguswe na panya wala mafuriko. Vipo mpaka leo. Wahopi, Wazuni, Wanavajo, Wahualapai, Wahavasupai, Wapaiute, hao wote pale ni kwao na Wahopi wanasema ndipo walipotokea duniani.

Kwa hiyo ukisoma mahali kwamba Wahispania waligundua Grand Canyon mwaka 1540, hebu angalia nani aliwapeleka. Ni Wahopi. Kiongozi wa msafara García López de Cárdenas alifika ukingoni, akakaa siku tatu anatafuta njia ya kushuka, watu wake watatu wakajaribu wakaishia theluthi moja ya njia, wakarudi wanasema yale mawe yaliyoonekana ya kimo cha mtu kumbe yanapita mnara mkubwa wa kanisa la Sevilla kwao Hispania. Walikua wamesimama na watu waliozaliwa maeneo hayo. Ni yale yale ya hapa kwetu, vitabu vinasema Oldupai iligunduliwa na Mjerumani Kattwinkel mwaka 1911, wakati hata jina ni la mkonge pori ambao Wamaasai wanauita oldupai, wakafunga nao vidonda na kutengeneza kamba miaka na miaka.

Shikamoo mwandishi, au kama ni mdogo wangu basi habari. Nimesikia huo mto wa Marekani haufiki baharini. Mto mkubwa vile unapoteleaje? Sisi huku Kibosho mfongo, yaani mfereji wa kumwagilia, ukikauka unapanda juu unamkuta aliyeziba. Mama mkulima, Moshi

Marahaba, ila nadhani shikamoo nikupe mimi mama yangu. Na umejibu mwenyewe, ni mfongo huo huo, tofauti ni kwamba ukipanda juu unakuta waliofungulia maji ni watu milioni 40.

Colorado unatoka kwenye theluji ya milima ya Rocky, unakwenda kilomita zaidi ya 2,300, unapita jangwani, na mwisho wake ulikua Mexico kwenye ghuba ya California. Mwaka 1922 majimbo saba ya Marekani yalikaa yakagawana maji. Kosa lilianzia pale, maana vipimo walivyotumia vilitoka kwenye miaka ya mvua nyingi, kwa hiyo waligawa maji mengi kuliko yanayopatikana kwa kawaida, na wenyeji niliowataja juu hawakuitwa kwenye kikao, Mexico nayo ikaja kupewa fungu lake mwaka 1944. Mama wewe unajua kikao cha mfongo kikikaa bila watu wa chini kinachofuata ni nini.

Halafu mabwawa. Hoover likaisha miaka ya 1930, mwaka 1963 wakafunga Glen Canyon, ukuta wa mita 216, juu tu ya Grand Canyon. Nyuma ya huo ukuta kulikua na korongo jingine la mawe mekundu, yenye mapango na nyumba za kale na michoro, maji yakapanda taratibu yakalifunika lote, ziwa lilikuja kujaa mwaka 1980. Watu waliolipita kwa mtumbwi kabla wamelililia mpaka uzeeni na mi nawaelewa. Na miaka hii ya ukame ziwa limeshuka sana, kuta zimebaki na mstari mweupe mrefu kama sufuria lililokauka jikoni, na baadhi ya yale makorongo yaliyozama yakaanza kuonekana tena.

Hata ndani ya Grand Canyon mto umebadilika. Colorado kwa Kihispania ni kitu chenye rangi nyekundu, kwa ajili ya tope. Sasa tope linabaki bwawani, maji yakitoka pale ni ya kijani na ya baridi kwa sababu yanatolewa kina kirefu, fukwe za mchanga zikawa zinaliwa hazirudishwi, samaki wa asili waliozoea maji ya tope na ya vuguvugu wakapungua, wengine wakatoweka kabisa kwenye korongo. Siku hizi mara mojamoja wanafungulia maji mengi kwa makusudi ili yainue mchanga yaupandishe kingoni. Huku chini kabisa delta, pale mto unapotawanyika kuingia baharini, sehemu kubwa imebaki mchanga mkavu, isipokuwa mara chache, kama mwaka 2014 nchi mbili zilipokubaliana kuachia maji kwa wiki kadhaa, mto ukafika baharini tena, watu wa vijiji vya Mexico wakatoka na watoto wao kwenda kuyapokea na kuyakanyaga, wengine wadogo hawakuwahi kuuona mto wao una maji.

Naitazama Kikuletwa na Nyumba ya Mungu na Pangani yetu, wakulima wa juu, umeme wa chini, wavuvi katikati, nasema mama yangu haya mambo tusiyaone ni ya mbali.

Shikamoo. Mi nasoma kidato cha tatu Moshi. Eti ni kweli huko kuna kijiji barua zinapelekwa na nyumbu? Rafiki zangu wananicheka.

Marahaba mwanangu, ni kweli kabisa, ila waeleze hao rafiki zako kwamba siyo nyumbu wa Serengeti, ni yule nyumbu mtoto wa punda na farasi. Kijiji kinaitwa Supai, kiko ndani kabisa ya korongo, hakuna barabara ya gari, unatembea kilomita kama 13 au unapanda farasi au helikopta, na posta yao inabebwa na msafara wa nyumbu. Wenyewe ni Wahavasupai, maana yake watu wa maji ya bluu na kijani, na maji yao kweli yana rangi hiyo, kama umefika Chemka kule Boma Ng'ombe utapata picha, tofauti yake haya yanaporomoka kwenye mawe mekundu.

Zamani kiangazi walilima chini, baridi ikija wanapanda juu kuwinda. Mwaka 1882 serikali ikawabakizia ekari 518 tu kule chini, huku juu pakachukuliwa, baadaye mwaka 1919 pakawa hifadhi ya taifa, wakawa wageni kwenye ardhi ya baba zao. Walidai, wazee wakafa wakirithisha madai, hadi mwaka 1975 wakarudishiwa ekari kama 185,000. Hiyo waambie wenzio darasani kuliko habari ya nyumbu.

Huko kuna wanyama gani? Msomaji, Ngaramtoni

Kondoo wa milimani, simba wa kule asiye na manyoya shingoni, nge, nyoka wa kengele mwenye rangi ya waridi aliyefanana na mawe yake. Tai mkubwa aitwaye kondori alikua amekwisha kabisa porini, mwaka 1987 wote 27 waliobaki duniani walikua kizuizini wanazalishwa, tangu 1996 wanaachiwa tena Arizona, na kinachowaua zaidi ni risasi ya madini ya risasi iliyobaki kwenye mizoga, kama tumbusi wetu wanavyokufa kwa sumu ya kwenye mzoga. Na kuna kindi. Ukingo wa kusini kindi ana tumbo jeupe, kaskazini ndugu yake ana tumbo jeusi na mkia mweupe wote, ukoo mmoja, wametenganishwa na lile shimo na hakuna anayevuka.